Nino Rota, Mwalimu wa Bari

Tangu mwaka 1950 hata mwaka 1977, Chuo cha Muziki cha Bari, bandari kongwe ya kusini mwa Italia inayotazamana na Bahari ya Adriatiki, kilikuwa chini ya mkuu mmoja, mtu mdogo wa umbo na mpole wa kauli, aliyekuwa akisimamia mitihani na kusikiliza vijana wa piano na fidla wakitetemeka mbele yake, na kisha, shughuli hiyo ikiisha, akisafiri kwenda Roma ambako waongozaji wakubwa wa sinema walikuwa wakimngoja awape lahani ambazo, muda si mrefu, zingepigwa miluzi na wapita njia wa nchi ambazo yeye hakuwahi kuzikanyaga. Jina lake kamili lilikuwa Giovanni Rota Rinaldi, lakini ulimwengu ulimjua kwa jina la Nino Rota. Wako walioandika habari zake kana kwamba alikuwa watu wawili katika ngozi moja, mwalimu mwenye taadhima aliyetunga simfoni, na kibarua aliyetengeneza muziki wa filamu kwa ajili ya riziki. Na dhana hiyo, iliyomwandama maisha yake yote na kumpunguzia heshima aliyostahili, ndiyo ninayokusudia kuipinga katika sura hii, kwa kuwa naamini ya kwamba kazi ya mtunzi huyu haifahamiki mpaka ikubaliwe kuwa kwake yeye lahani ilikuwa lahani, iwe imezaliwa kanisani, katika jumba la opera, au katika filamu ya kuchekesha.

Alizaliwa Milan tarehe 3 Desemba 1911, katika nyumba ya watu wa muziki: babu yake mzaa mama, Giovanni Rinaldi, alikuwa mtunzi, na mama yake, Ernesta, alikuwa hodari wa piano. Alipokuwa na umri wa miaka 11 alitunga oratorio, ndiyo hadithi takatifu inayoimbwa na kwaya pamoja na okestra bila ya kuigizwa, juu ya utoto wa Yohana Mbatizaji, na mwaka 1923 utungo huo ukapigwa Milan na kisha kaskazini mwa Ufaransa, watu wakashangaa kuona mtoto mwenye kaptura akiitikia makofi ya ukumbi mzima. Watoto waliojaliwa vipaji vya namna hiyo aghalabu huharibiwa na sifa kabla ya kubaleghe. Huyu aliokolewa na kusoma, kwani wazee wake walimtia mikononi mwa Ildebrando Pizzetti huko Milan na Alfredo Casella huko Roma, watu wawili wasiokuwa na huruma na kazi ya ovyo, na baadaye, kwa nasaha ya kiongozi wa okestra Arturo Toscanini, akavuka bahari kwenda Philadelphia, Marekani, katika chuo cha Curtis, akakaa toka mwaka 1930 mpaka 1932 akijifunza utunzi kwa Rosario Scalero na uongozaji wa okestra kwa Fritz Reiner.

Aliporejea kwao hakutosheka na hayo, bali alijiandikisha Chuo Kikuu cha Milan akasoma fasihi, na mwaka 1937 akapata shahada kwa tasnifu juu ya Gioseffo Zarlino, mwanachuoni wa karne ya 16 aliyeweka misingi ya elimu ya ulinganifu wa sauti. Nalitaja jambo hili kwa sababu wale waliokuja kumdharau Rota baadaye walisema kwamba aliandika lahani nyepesi kwa kuwa hakuweza zaidi ya hizo; na mtu aliyefunzwa na Casella, akaongozwa na Reiner, akakesha na vitabu vya Zarlino, hakosi nzito kwa kutojua. Wepesi wa Rota ulikuwa hiari yake.

Filamu yake ya kwanza, Treno popolare ya Raffaello Matarazzo, ilitoka mwaka 1933, ikawachukiza watazamaji, naye akakaa kando ya sinema miaka mingi. Ualimu ndio uliomlisha: Taranto mwaka 1937, kisha Bari tokea 1939. Sinema ilimwita tena wakati wa vita na baada yake, pale kampuni ya filamu ya Lux ilipokuwa ikiwatafuta watunzi waliosoma sawasawa badala ya wapiga vinanda wa mitaani, na kazi zikamjia kwa wingi usio wa kawaida, hata ikawa katika mwaka mmoja huandika muziki wa filamu zinazopindukia kumi. Mwisho wa maisha yake hesabu ya filamu zake ilikuwa imepita 150. Msomaji asiyeijua kazi hii afahamu kwamba mtunzi wa filamu ndiye mtu wa mwisho kuitwa: picha zimekwisha pigwa, zimekwisha katwa na kuungwa, tarehe ya kuonyeshwa imekwisha tangazwa, naye hupewa majuma machache atunge muziki unaopaswa kuanza na kukoma kwa sekunde, chini ya sauti za milango, mvua, farasi na maneno ya waigizaji. Katika hali kama hiyo mtu asiyekuwa na akiba ya lahani kichwani huangamia.

Aliyeifahamu akiba hiyo kuliko wote ni mwongozaji Federico Fellini. Namna walivyokutana, Fellini mwenyewe alipenda kuisimulia, naye alikuwa mtu wa kuzipamba hadithi zake: kwamba alimkuta mtu mdogo amesimama barabarani akingoja gari mahali ambapo gari halisimami, akataka kumwonya, na kabla hajamwonya gari likaja likasimama pale pale mbele ya yule mtu. Iwe ilitokea hivyo au sivyo, ushirika wao ulianza na filamu ya Lo sceicco bianco ya mwaka 1952 na haukukatika mpaka Rota alipofariki, na baina ya mwanzo na mwisho huo zimo I vitelloni, La strada, Le notti di Cabiria, La dolce vita, 8½ na Amarcord, ambazo zingalikuwa picha nyingine kabisa laiti muziki wake ungaliandikwa na mtu mwingine.

Ajabu ni kwamba Fellini hakupenda kusikiliza muziki nje ya kazi yake, kwa kuwa ulimtia simanzi na wasiwasi. Walakini alipokuwa kazini hakuweza kuishi bila ya huo. Katika sinema ya Italia ya zama hizo sauti za waigizaji zilitiwa baadaye studioni, na kwa hiyo mwongozaji alikuwa na uhuru wa kupiga sahani za santuri mahali pa kupigia picha ili waigizaji watembee kwa mwendo autakao yeye. Na sahani aliyoipenda Fellini kupita kiasi ilikuwa ile machi ya sarakasi ya Julius Fučík, mtunzi wa Kicheki, ambayo hupigwa wachekeshaji wanapoingia uwanjani. Picha zikiisha, Rota huitwa. Wawili hao hukaa penye piano, Fellini akieleza kwa maneno na mikono alitakalo, na Rota, macho ameyafumba, akipapasa vinanda, akijaribu, akiacha, akirejea, mpaka mwenziwe aseme ndiyo. Fellini alidai kwamba rafiki yake hakuwa na haja hata ya kuziona picha zenyewe. Tabu ilikuwa ni kumtoa Fellini katika zile sahani alizokwisha zizoea masikioni, na Rota hakumbishia kamwe. Alimkubalia, kisha akakaa akatunga kitu kilichokuwa na mwendo ule ule wa sahani, lakini chenye moyo mwingine. Hivyo ndivyo ilivyozaliwa machi inayofunga 8½ ya mwaka 1963, pale watu wote wa maisha ya mwongozaji aliyeshindwa kutengeneza filamu yake wanaposhuka wamevaa nyeupe na kushikana mikono katika duara, wakiongozwa na bendi ndogo ya wachekeshaji na mtoto anayepuliza filimbi. Mwendo wa Fučík umo, lakini pale ambapo Mcheki anafurahi tu, Mwitalia anafurahi huku akiaga.

Ili kuona kwa karibu jinsi alivyofanya kazi, na tuitazame La strada ya mwaka 1954. Gelsomina, msichana mwenye akili ya kitoto anayeigizwa na Giulietta Masina, mke wa Fellini, anauzwa na mama yake kwa Zampanò, jitu la sarakasi za njiani linaloishi kwa kukata minyororo kwa kifua, na mwigizaji wake ni Anthony Quinn. Lahani ya filamu hii haianzi na okestra, wala haianzi na Gelsomina. Inaanza na mtu wa tatu, mcheza kamba anayeitwa Mjinga, ambaye anaipiga kwenye kifidla kidogo mno, na msichana anaisikia kwanza kwa mbali. Baadaye yeye anajifunza kuipuliza kwa tarumbeta, nayo inakuwa mali yake pekee duniani. Zampanò anamwua yule Mjinga. Gelsomina anapoteza akili kwa huzuni. Na Zampanò, asiyejua la kufanya na mtu anayelia, anamwacha amelala kando ya njia na kumwekea tarumbeta yake ubavuni.

Miaka inapita bila ya kuonyeshwa. Kisha katika mji wa pwani Zampanò, ambaye nywele zimeanza kumgeuka mvi, anatembea akila aisikrimu, na nyuma ya ua mwanamke anayeanika nguo anaimba kwa sauti ya chini, bila ya maneno, lahani ile ile. Anamwuliza ameitoa wapi. Mwanamke anajibu, mikono ingali kwenye shuka, kwamba palikuwa na msichana mgonjwa aliyeokotwa ufukweni, aliyekuwa akiipuliza kwa tarumbeta, na siku moja hakuamka. Hapana picha ya kifo wala kaburi. Habari yote imebebwa na sauti chache zilizotoka kwa Mjinga zikaenda kwa Gelsomina, na kutoka kwa Gelsomina zikaenda kwa mwanamke asiyejua maana yake, mpaka zikamfikia mtu mmoja ambaye zilipaswa kumfikia tangu mwanzo. Ni wazi kwamba hapa muziki si pambo la hadithi, kwani ukiuondoa hadithi haina mwisho. Na Rota hakuiacha lahani hiyo ndani ya filamu: mwaka 1966 ilipanda jukwaa la jumba la opera la La Scala, Milan, katika baleti aliyoitunga kutokana na kisa hicho hicho.

Kwa Luchino Visconti, mtu wa ukoo wa kimwinyi na mwenye masikio makali, mambo yalikwenda kwa njia nyingine. Alipotengeneza Il Gattopardo, filamu ya mwaka 1963 juu ya kuporomoka kwa mamwinyi wa Sicilia, Visconti alimketisha Rota kwenye piano akamwomba ampigie hiki na kile, mpaka Rota akagusa sehemu ya simfoni yake aliyoianza mwaka 1947 na ambayo ilikuwa bado haijakamilika. Na mwongozaji akasema huo ndio muziki wa filamu yake. Kwa ajili ya ngoma kuu ya mwisho, inayochukua sehemu kubwa ya saa moja na ambamo Burt Lancaster anacheza na Claudia Cardinale huku akijua ya kuwa zama zake zimekwisha, Rota alipewa walzi ya Giuseppe Verdi ya piano, ambayo ilikuwa haijapata kuchapishwa, akaipanga kwa vyombo vya bendi. Yeye aliyekuwa na walzi mia za kwake alikaa nyuma ya Verdi bila ya kinyongo, na usiku ule wa filamu unasikika kama usiku mmoja, mtu asijue wapi marehemu ameishia na wapi aliye hai ameanzia.

Nimefika sasa kwenye kisa kilichomfanya ajulikane mpaka na watu wasiojali majina ya watunzi. Francis Ford Coppola alipokuwa akitengeneza The Godfather, alimtaka Rota na hakumtaka mwingine, na wakuu wa kampuni ya Paramount, waliotarajia muziki wa Kimarekani kwa filamu ya majambazi wa New York, hawakuridhika na walichosikia. Coppola alishikilia. Filamu ilitoka mwaka 1972, nayo inafunguka katika giza tupu, kwa tarumbeta moja inayopiga walzi peke yake bila ya chombo cha kuisindikiza, na kabla mtu hajaona uso wala kusikia neno amekwisha ambiwa kwamba atakayoyaona ni habari ya wahamiaji, watu waliobeba kijiji chao moyoni na kukifanyia mambo ambayo kijiji chenyewe kingeyaonea haya. Lahani ya pili, ile ya mapenzi, inatokea Sicilia kijana Michael, mwana wa mkuu wa majambazi hao, anapomwona msichana Apollonia, na ndiyo iliyotiwa maneno ya Kiingereza, ikaimbwa na Andy Williams na wengine wasiohesabika.

Mapema mwaka 1973 muziki huo uliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Kabla ya siku ya tuzo ikabainika kwamba lahani ya mapenzi ilikuwa imekwisha tumika katika Fortunella, filamu ya kuchekesha ya Eduardo De Filippo ya mwaka 1958, ambamo inapigwa upesi upesi, kwa mikogo ya bendi ya barabarani, hata mtu huhitaji kuisikia mara mbili ndipo aitambue. Kanuni za Akademia inayotoa tuzo hiyo zilitaka muziki uwe umetungwa kwa ajili ya filamu hiyo hiyo, na uteuzi ukafutwa. Nafasi iliyoachwa wazi ilichukuliwa na muziki wa filamu ya Sleuth, na tuzo ikaenda kwa Limelight ya Charlie Chaplin, picha ya mwaka 1952 iliyostahili kushindana kwa sababu ilikuwa haijaonyeshwa Los Angeles mpaka 1972. Kwa insafu ni lazima ikubaliwe kuwa kanuni haikuvunjwa: muziki wa Chaplin, ujapokuwa na umri wa miaka 20, ulitungwa kwa ajili ya Limelight. Lakini kanuni hiyo ilipima kitu ambacho Rota hakupata kukipima. Msomaji wa pwani yetu, aliyekulia katika taarabu na kuzoea kusikia lahani ya filamu ya Kihindi ikivishwa mashairi ya Kiswahili na kuliza watu katika harusi ya Mombasa, haoni tabu kufahamu ya kwamba sauti zile zile zikipunguzwa mwendo na kupewa chombo kingine huwa na habari nyingine ya kusema. Kumgeuza mcheza shere wa 1958 kuwa mfiwa wa 1972 bila ya kumbadilisha hata herufi moja ya jina lake ni ustadi, na mimi nauhesabu kuwa mkubwa kuliko kutunga lahani mpya.

Akademia yenyewe ilifika hapo kwa mzunguko. Sehemu ya pili ya The Godfather ilipotoka mwaka 1974, Rota na Carmine Coppola, baba yake mwongozaji, walipewa tuzo ya Oscar kwa muziki ambamo lahani zile za mwanzo zimo.

Huko Italia wenye elimu hawakumhurumia. Miaka ile watunzi waliosifiwa Ulaya walikuwa wameacha lahani na kushika hesabu za sauti na mitambo ya umeme, na mtu aliyeandika simfoni inayoweza kuimbwa bafuni alionekana amechelewa kuzaliwa. Rota hakujibu. Aliendelea kuandika tenzi za kidini, muziki wa piano na fidla, na opera, ambayo mashuhuri kati ya hizo, Il cappello di paglia di Firenze, juu ya bwana harusi anayehangaika mji mzima kutafuta kofia ya ukindu iliyoliwa na farasi wake, aliiandika akisaidiwa maneno na mama yake, ikakaa karibu miaka kumi kabla ya kuonyeshwa Palermo mwaka 1955. Ilishangiliwa, na ingali ikichezwa. Humo pia zimo lahani zilizopita katika filamu, na humo pia hakuona haya.

Katika chumba cha mitihani cha Bari alimsikia siku moja kijana mzaliwa wa Napoli aliyelelewa Molfetta akipiga piano mbele ya kamati, na Rota akamtia moyo ashike njia ya muziki. Kijana huyo alikuwa Riccardo Muti, aliyekuja kuwa kiongozi mashuhuri wa okestra. Tawi la chuo alilolisimamisha Monopoli, kusini kidogo ya Bari, leo ni chuo kamili chenye jina la Nino Rota.

Alistaafu mwaka 1977, mwaka uliofuata akaandika muziki wa Death on the Nile, na tarehe 10 Aprili 1979 akafariki Roma, umri wake miaka 67, filamu yake ya mwisho na Fellini ikiwa Prova d'orchestra, habari ya okestra inayogombana na kiongozi wake. Fellini aliwaita watunzi wengine, hodari wote, na katika kila filamu iliyofuata masikio yaliyozoea yanasikia pengo. Makaratasi ya Rota yamehifadhiwa Venice, katika taasisi ya Giorgio Cini, ambako wachunguzi wanafuatia lahani moja kutoka daftari la mwaka huu hadi la mwaka ule. Na katika miaka ya 1990 Muti, ambaye wakati huo alikuwa mkuu wa muziki wa La Scala, aliwaweka wapigaji wa jumba hilo mbele ya vinasa sauti, akaongoza La strada, Il Gattopardo na The Godfather kwa uangalifu ule ule anaompa Verdi.